Walipoificha Barabara ya Mama

Juzi rafiki yangu mmoja aliniletea kompyuta yake, akaniomba niifiche michezo iliyomo ili mtoto wake asiione. Mtoto hali chakula, alisema, hasomi, anacheza tu kutwa. Kazi yenyewe si kubwa. Unaingia kwenye akaunti ya michezo, unachagua mchezo, unabonyeza pale palipoandikwa kwa Kifaransa kwamba ufichwe, unaweka namba ya siri, umemaliza. Mchezo haufutwi. Unabaki palepale ulipo, ila orodha haiutaji tena. Kompyuta hiyo ilikuwa ya zamani, na ilipopata joto ikaanza kutoa harufu ya vumbi linaloungua ndani ya feni. Nilimwambia rafiki yangu arudi kesho, nina kazi nyingi. Sikuwa na kazi yoyote. Nilikuwa nimekaa mbele ya harufu hiyo nikiwa mtoto tena, lango limefungwa, pazia limeshushwa, na mama yangu yuko edani.

Baba yangu, Ramazani, Mungu amrehemu, alikuwa dereva wa lori la Fuso. Njia yake ilikuwa ya kusini, kando ya ziwa: anatoka Uvira, anapita Makobola, Swima, Mboko, anashusha mizigo Baraka, anapakia mingine, anarudi. Mvua ikiharibu barabara alibaki nyumbani, na kukaa bure kulimuuma kuliko jino. Ndipo mdogo wake, Baba Mdogo Hamisi, aliyekuwa amehamia Kanada, akamtumia ordinateri, ndivyo tulivyoiita kompyuta, kwa mkono wa mtu aliyekuwa anarudi. Akamfungulia na akaunti ya michezo kwa jina la baba, na ndani yake akamnunulia mchezo wa kuendesha malori makubwa ya Ulaya. Shangazi Mwamini, dada yao mkubwa, aliyekuwa ndiye mwenye sauti katika nyumba ile, alicheka mpaka akashika ukuta.

"Muntu anashuka ku lori, anaenda kupanda lori! Ramazani, weye uko muzima kweli?"

"Hii haina mashimo, dada," baba alimjibu. "Acha nionje barabara ya batu."

Mama alizoea kukaa kando yake akichambua mboga za lengalenga. Baba akienda kuoga alimwachia lori: "Mama Zaina, kamata hapa, na usinigongee muzungu." Mama aliliangusha mtaroni kila mara, baba akirudi anapiga kelele kwamba mwanamke huyu atamfilisi hata Ulaya. Zaina ndiye mimi. Nilikaa chini ya meza, kwenye miguu yao, na nilikuwa na elimu yangu kamili juu ya jambo hilo: baba ana barabara mbili, moja inaanzia kwetu Mulongwe, mtaa wa Uvira, kwenda Baraka, nyingine inaanzia mezani, na huko mbele zinakutana. Hakuna aliyenifundisha. Ningeuliza wangeniambia ukweli, lakini nani huuliza jambo analolijua?

Alifia Baraka. Homa ilimshika njiani, akafikishwa hospitali, hakuiona asubuhi. Kwetu Waislamu maiti hangoji. Walimzika hukohuko kabla jua halijazama, na barabara ilikuwa imekatwa na mvua, kwa hiyo kutoka Uvira hakuna aliyewahi. Mama hakumuona. Mimi Shangazi alinishika mashavu kwa mikono yake miwili, akaniambia: "Baba yako amebaki Baraka, mama. Tumuombee."

Nilielewa vizuri sana. Fuso ilipovunjika ekseli baba alibaki Baraka. Daraja lilipobomoka alibaki Baraka, na aliporudi alikuwa na ndevu. Tena wakati ule wanawake waliokuwa na mizigo yao ndani ya lori walikuja wakakaa chini uani kwetu, wakalia hivihivi, mikono kichwani. Kwa hiyo safari hii walipojaa uani na mikeka yao, nilijiambia kwamba mizigo iliyopotea ni mingi. Niliwahurumia. Mmoja nilimpelekea maji ya kunywa, akanikumbatia akalia zaidi, nikaona pengine alikuwa na magunia mengi kuliko wenzake.

Kisha watu wakaondoka, eda ikabaki. Wasioijua niwaambie: mwanamke aliyefiwa na mumewe anakaa ndani miezi minne na zaidi. Hajipambi, hajipaki manukato, hatoki nje ya lango ila kwa dharura. Mama alivaa vitenge viwili vilivyochujuka, akibadilisha hiki na kile, na sauti ya mwanaume ikisikika uani alirudi chumbani. Shangazi ndiye aliyeishika sheria, na aliishika kama mtu anayeshika mbuzi wa sikukuu. Nami nikatiwa ndani yake. Nikitoka shule nilipaswa kuja moja kwa moja kukaa na mama, kwa sababu, alisema Shangazi, "mutoto mwenye mama yake iko mu eda hachezi ku barabara."

Nilikichukia chumba kile, sitasema vingine. Joto la Uvira mnalijua, na hapo uliweke nyuma ya pazia zito. Ukuta ulikuwa wa bluu iliyobanduka, na kila ufa nilikuwa nimeshaupa jina. Nje niliwasikia wenzangu wakiruka kamba, nikajua kwa sauti ni zamu ya nani. Harufu ya ndagala, dagaa wa ziwani, wanaoanikwa ilipita chini ya mlango na mimi sikuweza kupita. Mama alikaa kitandani akiangalia ukuta. Ukimpa maji alisema "aksanti", ukimpa chakula alisema "aksanti", na katika siku nzima hayo ndiyo yalikuwa mazungumzo yetu. Wakati mwingine nilikohoa makusudi ili chumba kiwe na sauti.

Jioni moja, baada ya swala ya alasiri, aliinuka akawasha ordinateri. Aliweka simu yake kando igawe internet, kwa sababu ndivyo baba alivyofanya. Ule mchezo wa malori ulipofunguka, juu kukaandikwa kwa Kifaransa kwamba Ramazani karibu tena. Niliweza kusoma jina hilo, na mama naye alilisoma, kwa muda mrefu. Halafu akapakia mzigo, akaondoka.

Tangu siku ile aliendesha kila jioni. Hakuanguka tena mtaroni. Aliendesha polepole, mvua ya kwenye kioo ikija anawasha vifutio, giza likija anawasha taa, na alipopishana na lori lingine aliliwashia taa mara moja, kama baba alivyowasalimu madereva wenzake. Mimi sikuwa tena chini ya meza. Nilisimama kando ya bega lake na kuchungulia kila lori lililotupita. Nilikuwa natafuta kofia ya baba.

"Mama, tutafika Baraka lini?"

"Bado, mama," alinijibu bila kugeuka. "Bado iko mbali."

Leo najua alikuwa anajijibu mwenyewe. Siku ile jibu lilinitosha kabisa. Na mama alianza kupona mbele ya macho yangu. Alianza kula. Alianza kunisuka nywele. Siku moja ng'ombe wa kwenye mchezo walijitokeza kando ya barabara, akasema, "Hawa wamenona kuliko wa Runingu," kijiji cha karibu na kwetu, akacheka kidogo, kisha akajishika mdomo kama aliyeiba.

Sasa sikilizeni kilichotokea. Nilikuwa uani nachota maji kwenye pipa, Shangazi yuko upande wa pili wa ukuta wa jiko anaongea kwa simu na Baba Mdogo Hamisi. Aliongea kwa sauti ya chini, jambo ambalo kwake lilikuwa ni dalili ya ugonjwa.

"Unasema umemuona? Ramazani?" Akasikiliza. "Na jana tena? Hamisi, usinichezee mu kichwa. Iko anaendesha lori? Weye mwenyewe uliona?" Nilimsikia akikaa chini. "Yarabi. Nyamaza, usilie. Usimwambie muntu. Nitaona vile nitafanya."

Maji yalinimwagikia miguuni. Kumbe si mimi tu! Baba Mdogo aliyeko Kanada, mtu mzima mwenye kazi, alikuwa amemuona baba barabarani kwa macho yake. Furaha ilinibana hata nikashindwa kula. Jambo moja tu lilinisumbua: kwa nini asimwambie mtu?

Kesho yake Shangazi alifungua kesi. Alikuja chumbani na majirani wawili wanawake, wakakaa mkekani, akaanza.

"Mama Zaina, eda ni kukaa. Lakini weye kila jioni uko unatoka."

"Natoka kwenda wapi, dada?" mama aliuliza. "Niko hapa, unaniona."

"Mwili njo iko hapa. Macho iko Ulaya. Unapita mu miji ya batu, unawashia wanaume taa. Ile si kutoka?"

Jirani mmoja akasema mbona televisheni inaruhusiwa. Shangazi alikuwa amejiandaa. "Televisheni inakuletea batu mu nyumba. Hii njo weye unaenda kwao."

Hoja ilikuwa kali, nampa haki yake. Wanawake wakaipima, mmoja akasema kweli, mwingine akasema hapana, na mwisho ikaamuliwa aitwe mwalimu wa msikiti. Alikuja, akasimama nje ya pazia, akauliza maswali yake kwa utaratibu kana kwamba swali hilo huletwa kwake kila Ijumaa. Hilo lori linatoka ndani ya nyumba? Halitoki. Na yeye mwenyewe, akiendesha, mwili wake unabaki wapi? Hapa kwenye kiti. Amejipamba? Hapana. Anaongea na wanaume? Hakuna mwanaume ndani yake, ni mashine.

"Basi hajatoka," mwalimu akasema. "Mumuache aendeshe. Ila swala isimpite."

Shangazi alimshukuru kwa meno tu. Mama aliinamisha kichwa, nikaona mabega yake yakishuka kama mtu aliyetuliwa ndoo. Mimi nilitamani kumkimbilia mwalimu nimbusu mkono.

Hazikupita siku nyingi, jioni mama akawasha ordinateri, na mchezo haukuwepo. Mingine ilikuwepo yote: wa mpira, wa karata, wa kupanga matofali. Pale palipokuwa na lori, orodha ilijifunga kana kwamba hapajawahi kuwa na kitu. Mama alitafuta huku na huko, mwisho mashine ikamuomba namba ya siri. Alijaribu namba hii na ile, ikakataa. Hicho ndicho kilichonitisha: hakuna mkono uliokuwa umeigusa ordinateri ile. Chumba kilikuwa kimefungwa, mimi nimo, mama yumo, na bado mtu alikuwa ameingia akatuchukulia barabara.

"Wameificha," mama alisema, tena bila hasira. Akabaki mbele ya orodha hiyo, feni ikizunguka, mpaka umeme ulipokatika.

Nilipiga hesabu yangu ya kitoto na jibu likatoka safi. Baba ameonekana barabarani. Shangazi ameambiwa, akasema asiambiwe mtu. Amejaribu kutumia eda, mwalimu amemshinda. Sasa wamefunga barabara, na baba yumo ndani yake na Fuso yake, hawezi kufika mezani kwetu. Sikujua kwa nini dada amfanyie hivyo ndugu yake. Nilichojua ni kwamba kila siku inayopita baba anazidi kukwama, na mwenye ufunguo anapika ugali jikoni kwetu akiimba.

Mama alirudi kwenye ukuta. Safari hii hata "aksanti" iliisha. Shangazi alimpikia samaki wa mgebuka kwa mawese, sahani ikarudi kama ilivyokwenda. Akampikia uji, ukaganda. Mifupa ya shingo ya mama ilianza kuonekana, na usiku nilimshika mkono kuona kama bado una joto. Niliogopa sana. Nilikuwa na baba aliyefungiwa nje na mama aliyefungiwa ndani, na mimi katikati sina hata lango moja la kufungua.

Mwisho Shangazi mwenyewe ndiye aliyevunjika. Mchana mmoja alileta sahani, akakaa chini, akaanza kumlisha mama kwa mkono kama mtoto. Mama akausukuma ule mkono taratibu.

"Dada, minye sikumuona," alisema. Sauti ilikuwa imekauka. "Sikumuosha. Sikumufunika uso. Sijui hata kaburi yake inaangalia wapi. Munaniambia nikae hapa, nakaa, ni dini yangu. Nilibakia na barabara moja ya uongo. Ile nayo mukainyanganya. Muniambie tu juu ya nini."

Shangazi Mwamini, ambaye sikuwahi kumuona akilia hata kwenye matanga, alilia na tonge mkononi. Hakujitetea. Alinawa, akachukua simu, akampigia Baba Mdogo Hamisi, akaweka sauti ya juu ili wote tusikie.

"Shemeji, unisamehe," sauti ya Baba Mdogo ilisema kutoka mbali, ikikatikakatika. "Ku ordinateri yangu kuko liste ya barafiki. Inaonyesha nani anacheza. Jina ya Ramazani ilikuwa imezima, nilizoea kuiangalia vile imezima. Siku moja niko ku kazi, naona inawaka. Ramazani anacheza. Ramazani iko ku lori. Na kesho yake tena. Shemeji, nililia mbele ya bazungu. Nikashindwa. Ile akaunti minye njo niliifungua, na minye njo niliificha, toka huku."

Mama alifunga macho. "Sikufikiria ile, Hamisi," alisema. "Sikujua. Nisamehe na minye."

"Nitakupa code. Uendeshe, shemeji, uendeshe vile unataka. Nakuomba kitu moja: uendeshe hors ligne. Uzime internet kwanza. Jina isiwake tena."

Alimtajia namba, mama akaiandika, akaenda mpaka kwenye vilivyofichwa. Lori likarudi kwenye orodha. Tulikuwa tumekaa sote watatu mbele yake. Mama akasahau internet, akafungua mchezo. Barabara ikaja, na mvua yake, na kibao cha njia. Shangazi akanyoosha mkono kuichukua simu ya mama azime internet, na hapo mimi nikairukia ile simu nikaikumbatia kifuani.

"Usizime! Ukizima, Baba mudogo hatamuona tena!"

"Hatamuona nani, Zaina?"

"Baba!" Nilikuwa napiga kelele sasa, na maneno yalitoka bila mpango. "Baba mudogo iko anamuona kila siku, nilisikia! Weye njo ulifunga barabara! Weye unataka abakie Baraka! Mukizima internet atajua namna gani kama tuko tunamungoja?"

Shangazi alijiziba mdomo kwa kanga yake akatoka nje. Nilisikia ndoo ikianguka uani. Mama alibaki akiniangalia, na polepole nikaona uso wake ukielewa kitu kilichokuwa kimekaa naye chumba kimoja muda wote ule. Aligeuza kiti, akaipa ile barabara mgongo. Alinivuta katikati ya magoti yake, hakuninyang'anya simu.

"Zaina. Muntu mwenye Baba mudogo alikuwa anaona, ni minye."

Nikatikisa kichwa. Baba Mdogo alikuwa amesema Ramazani. Nilikuwa nimesikia kwa masikio yangu, mara mbili.

"Jina njo ya baba yako. Mwenye kuendesha ni minye. Ilikuwa mikono yangu, mama, hii hapa." Aliiweka mashavuni mwangu. "Mu ile barabara hakuko baba. Nami nilimutafuta. Kila jioni nilimutafuta. Hakuko. Baba amekufa, Zaina. Bamemuzika."

Nilichungulia nyuma ya bega lake. Lori lilikuwa limesimama kando ya njia, linatetemeka kwa mngurumo wa injini, taa zinawaka, ndani yake hamna mtu. Nikaanza kulia. Haikuwa ile sauti ya mtoto aliyenyimwa kitu. Nililia mikono kichwani, kama wale wanawake wa uani, wakati nyumba nzima ilikuwa imeshamaliza kulia, mikeka imerudishwa kwa wenyewe na masufuria ya matanga yameshasuguliwa. Shangazi aliingia mbio na kanga mkononi anitulize, akidhani nimeumia, akisema majirani watafikiri kumetokea msiba mwingine. Mama alimzuia kwa mkono.

"Umuache, dada. Umuache alie. Leo njo amefiwa."